Tangi la Baba Mkwe

Jumapili, 3 Agosti

Nimepata ufunguo! Wa wiki moja tu, lakini ufunguo ni ufunguo.

Kwa kumbukumbu. Daktari wa macho amemkataza baba mkwe kuendesha gari. Baba mkwe ni mpima ardhi mstaafu, mtu asiyeamini kitu mpaka akipime. Ametangaza kwamba gari lake atamkabidhi mmoja wetu, sisi wakwe zake wawili. Atakayelipata atawapeleka wazee kliniki na sokoni, na siku nyingine zote litalala kwake. Kila mmoja anajaribiwa wiki nzima. Masharti ni mawili. Mshale wa mafuta usishuke chini ya robo, na gari lirudi likiwa limejaa tangi kama lilivyotoka. Hukumu Jumamosi.

Mpinzani wangu ni mume wa dada wa mke wangu. Mwanyumba wangu. Anauza magodoro. Mimi humwita Bwana Magodoro, kwanza kwa biashara yake, pili kwa sababu maneno yake ni laini na ndani hamna kitu ila sponji. Wiki yake imekwisha leo. Gari amelileta linang'aa hadi kwenye nati za magurudumu. Akalisimamisha uani, pua imeelekea nyumba, mshale umegota kwenye alama ya kujaa. Baba mkwe akachungulia kwa miwani yake minene, akaguna. Bwana Magodoro akanipa ufunguo kwa ncha za vidole.

“Mwanyumba, ulirudishe hivihivi. Usije ukatutia aibu.”

Nisije nikawatia aibu! Mimi, msimamizi wa ghala la mafuta ya kupikia! Nimepima mapipa tangu yeye hajui godoro linalaliwa upande gani.

Nikalirudisha nyuma hadi nje ya geti. Ua wao una mteremko kama paa la banda. Nikaingia barabarani. Kabla sijafika duka la kona nikatupia jicho geji. Mshale umeshuka! Robo tatu na kidogo. Yaani gari limekunywa mafuta yote hayo na geti bado naliona kwenye kioo!

Nimelala chini nikachungulia uvunguni. Hakuna hata tone. Kwa hiyo ama geji ni mwongo, ama Bwana Magodoro amefanya ujanja. Nitaujua. Nikishajua tangi hili linabeba kiasi gani hasa, nitamnasa mchana kweupe.

Mama watoto anasema tangi halimhusu. Anachotaka kujua ni kama Alhamisi nitampelekea sare shuleni. Ameshona sare za wanafunzi wote wapya na shingo imemchoka kwa kubeba mafurushi kichwani. Nimemwambia aondoe shaka. Akasema shaka hajawahi kuiondoa tangu tuoane.

Jumatatu, 4 Agosti

Kwenye kisanduku cha mbele nimekuta kijitabu cha gari. Pembe zimeliwa na panya, lakini panya wameacha penye maana. Tangi: lita arobaini na tano. Nimepapigia mstari.

Kituo cha mafuta baada ya kazi. Nikasimama vizuri kabisa, sawa na pampu. Nikashuka. Tundu liko upande wa pili.

Mhudumu, dada mmoja anayetafuna ubani bila kuchoka, akaniambia nitazame geji. Pana picha ndogo ya pampu, na kando yake kimshale kinachoonyesha tundu liko upande gani. Nikamwambia kimshale hicho nakijua siku nyingi. Nilitaka tu kuona kama mpira wao unafika. Tukaupitisha juu ya paa. Ukafika. Umeacha mstari mweusi kwenye rangi.

Akatia. Haijapita muda, pampu ikafanya “ta!” ikakata. Dada akataka kufunga. Nikamzuia. Akasema ikikata yenyewe basi, tangi limejaa, nafasi inayobaki juu imeachwa makusudi ili petroli ikipata joto ipate pa kutanukia. Nikamwambia nafasi tupu ni nafasi ya wizi.

Ukweli ni kwamba ghalani nasi hatujazi pipa hadi mdomoni. Mwaka juzi nilimfukuza kibarua kwa kosa hilohilo, sakafu ikawa ya kuteleza mpaka sikukuu. Lakini lile ni pipa. Hili ni gari.

Nikamwambia aongeze. Ikakata. Aongeze. Ikakata. Hapo nikakumbuka jinsi wauza unga wanavyotikisa debe ili unga ushuke. Nikaegemea gari kwa nyonga nikaanza kulitikisa. Foleni nyuma yangu ikatulia kutazama. Dereva wa lori akauliza kama hiyo ni ibada au mazoezi ya mgongo.

“Kaka, petroli si unga,” akasema dada. “Haina mikunjo.”

Nikachukua mdomo wa pampu mwenyewe nikabana. Petroli ikapanda shingoni mwa tangi, ikachungulia, ikanirukia viatuni. Viatu vya kazini! Dada akaja na ndoo ya mchanga, akamwaga juu ya petroli na juu ya viatu vyangu bila kutofautisha. Akaniambia nisithubutu kuwasha gari mpaka akauke yeye hasira na mimi miguu.

Lakini sasa limejaa. Limejaa kweli, si kujaa kwa Bwana Magodoro.

Jumanne, 5 Agosti

Nimeliegesha gari mbele ya ghala, juani, ili kila mtu alione. Saa nne likaanza kunuka. Saa tano kukawa na kidimbwi chini yake. Bosi akatoka akinusa. Akauliza ni mwendawazimu gani ameweka bomu mlangoni mwa ghala la mafuta. Nikasema ni la baba mkwe. Akasema basi baba mkwe ananichukia, na nilitoe upesi.

Halikuwaka. Likakohoa, likatetemeka, likazima. Vibarua walilisukuma hadi kwa fundi wa jirani, pamoja na yule niliyemfukuza mwaka juzi. Siku hizi kumbe anafanya kazi kwa fundi. Amenenepa. Alisukuma huku anaimba.

Fundi akafungua kifuniko, akanusa, akaniuliza nilishindilia mafuta kwa nini. Akasema gari hili lina kikopo cha kunyonya mvuke wa petroli, kikopo kimeumbwa kunyonya mvuke, na mimi nimekinywesha petroli yenyewe. Nimekizamisha. Akalihangaikia mpaka likawaka. Akasema mambo ni mepesi tu, pampu ikikata, toa mkono.

Mbona wote wanasema maneno yaleyale? Fundi huyu godoro lake kalinunua wapi? Nitachunguza.

Jumatano, 6 Agosti

Leo nimetumia utaalamu wangu.

Ghalani nina kijiti cha kupimia. Mti mgumu, mwembamba, nimeuchonga alama mwenyewe. Unakitumbukiza ndani ya pipa, unakitoa, unasoma palipolowa. Hakijawahi kunidanganya. Nikasema, pipa ni nini na tangi ni nini? Vyote ni tumbo.

Nikakiingiza tunduni. Kikaenda vizuri, kisha kikagoma. Nikakizungusha. Kikaenda tena. Nikakisukuma. Kumbe shingo ya tangi la gari imepinda kama utumbo! Kijiti kikakwama, hakiendi mbele wala hakirudi. Nikavuta kwa mikono miwili, mguu mmoja nimeukanyagia kwenye tairi.

Kikakatika.

Nusu ya juu ninayo. Nusu ya chini nilijaribu kuinasa kwa waya wa kuanikia nguo. Nikaisikia ikitumbukia. Polepole, kwa heshima, kama mzee anayeingia kwenye maji ya kuoga.

Sasa nikifunga breki kitu kinagonga huko nyuma. Ko. Nikiondoka tena, ko. Mama watoto akauliza ni nini. Nikasema magari ya kizamani yana sauti zake. Akaniuliza waya wake wa nguo umekunjwa na nani. Nikasema upepo.

Nusu niliyobaki nayo ina alama za juu tu. Yaani naweza kupima pipa likiwa limejaa, lakini si likiwa limepungua. Bosi asijue.

Jambo moja limethibitika. Tangi hili haliwezi kupimwa kwa kijiti. Imebaki njia moja ya kisayansi. Nalikausha kabisa, kisha nalijaza kwa kipimo. Sharti la robo nalikumbuka. Lakini sharti lile liliwekwa kwa watu wa kawaida, si kwa utafiti. Na baba mkwe, kwa macho yale, atajuaje?

Leo nimezunguka mji mzima tangu kutoka kazini hadi usiku wa manane, sina ninakokwenda. Kesho pia nitaamka mapema nizunguke.

Alhamisi, 7 Agosti

Siku mbaya. Naandika kwa ufupi ili nisiumie.

Asubuhi taa ya mafuta iliwaka, kitaa cha rangi ya chungwa. Nikafurahi! Nikampakia mama watoto na mafurushi ya sare, hadi kiti cha mbele kikajaa na yeye akakaa nyuma kama mgeni rasmi. Akaiona taa.

“Baba watoto, hiyo taa inasema nini?”

Nikamweleza kwamba taa hiyo huwekwa na watengenezaji kuwatisha waoga, na kwamba chini yake pana akiba ya kutosha. Akauliza akiba kiasi gani. Nikasema hicho ndicho tunachokwenda kukigundua. Akafunga mkanda kwa nguvu.

Tulikigundua. Gari lilikohoa katikati ya mlima, likajikongoja kidogo, likakata roho. Katika miji yote na barabara zote, likakata roho mbele ya duka la magodoro!

Bwana Magodoro akatoka. Akavuta godoro moja la maonyesho hadi kibarazani, akakaa juu yake, mguu juu ya mguu. Wateja wake nao wakakaa.

“Mwanyumba!” akaita. “Karibu upumzike. Au gari ndilo limechoka, nilitandikie?”

Nikasema nimesimama kuangalia tairi. Akasema tairi analiona zima, ila kitaa cha chungwa anakiona mpaka huko alikokaa. Akauliza si ni mimi niliyesema kwenye harusi ya mdogo wa wake zetu kwamba mtu wa ghala haishiwi. Wateja wakavunjika mbavu. Mmoja alilala kabisa kwenye godoro, na nadhani alilinunua.

Mama watoto akashuka. Hakunitazama. Akamuuliza shemeji yake kama ile pikapu ya kupelekea magodoro ina nafasi, maana mwalimu mkuu anazisubiri sare na leo ndiyo mwisho, wakichelewa kazi ya mwakani anapewa fundi mwingine. Bwana Magodoro akasema kwa shemeji nafasi haikosi. Akabeba mafurushi mwenyewe, akayapanga juu ya godoro jipya, akamfungulia mke wangu mlango. Mlango! Mimi milango ya gari sijawahi kuifungua kwa mtu.

Nikabaki na gari. Kwenye buti lilikuwamo dumu tupu la ghalani. Nikatembea nalo hadi kituo cha mafuta, kilekile, maana ndicho cha karibu. Dada mwenye ubani akaniona kwa mbali.

“Bwana Mtikisaji! Leo umekuja bila gari, utatikisa nini?”

Nikanunua. Nikarudi mlimani, nikamimina. Nilikuwa katikati ya kumimina nilipokumbuka kwamba dumu lile juzi lilikuwa na mafuta ya kupikia, na sikulisuuza.

Gari liliwaka. Lakini moshi wake unanukia jikoni. Nimepita kwenye kituo cha basi, watu wote wakageuza vichwa kutafuta nani anakaanga. Mbwa wawili walinifuata hadi nyumbani.

Mama watoto kazi ya mwakani amepewa. Amenieleza hivyo akiwa ameupa ukuta uso.

Ijumaa, 8 Agosti

Mshahara bado. Nilichokuwa nacho nimekitia chote, na kwenye barabara tambarare mshale unasimama robo tatu. Kujaza hadi juu sina uwezo. Kesho hukumu. Nimetembea na moyo mzito tangu asubuhi.

Jioni mama mkwe akanipigia nimpelekee gunia la mkaa. Nilipopandisha pua getini, ko, kijiti kikarudi nyuma. Na mshale ukapanda! Robo tatu, ukapanda, ukapanda, ukagota kwenye alama ya kujaa!

Nikarudi nyuma hadi barabarani. Ukashuka. Nikapanda. Ukapanda. Ni mteremko! Gari likiinua pua, petroli yote inakimbilia nyuma, na boya la geji liko hukohuko nyuma. Boya linaelea, mshale unapanda, na tangi halijaongezwa hata tone!

Kwa hiyo Bwana Magodoro hakujaza! Alilisimamisha pua juu, akapata tangi la bure! Mwizi! Tapeli! Na baba mkwe, mzee wa watu, amefanywa mjinga uani kwake mwenyewe!

Nilipanda na kushuka mara kadhaa ili kuhakikisha. Mama mkwe alikuwa barazani, amevaa viatu vya kufunga kwa kamba, ameshika kijitabu chenye picha za alama za barabarani. Nikadhani cha kupepea moto. Akauliza kama nimesahau njia ya kuingia. Akauliza pia nani anakaanga.

Nimefikiri sana. Nikimfichua Bwana Magodoro, yeye atakosa gari, lakini mimi pia nitabaki na robo tatu yangu. Nikinyamaza na kulisimamisha palepale, tutakuwa sawasawa, na mimi ndiye mwenye heshima zaidi usoni. Uamuzi ni rahisi. Ujanja mikononi mwake ni wizi. Mikononi mwangu ni ujuzi wa fizikia, na fizikia nilifaulu.

Jumamosi, 9 Agosti

Nimeliosha hadi nati. Nimeingia uani, pua imeelekea nyumba, palepale, nimevuta breki ya mkono. Mshale kwenye kujaa. Bwana Magodoro alikuwa ameshafika, amevaa suti. Alitazama gari lilivyosimama, akanitazama, akatabasamu kidogo kama mtu aliyekutana na mtu wa kijijini kwao. Sikumjibu tabasamu.

Wake zetu kwenye baraza. Baba mkwe akaja na fimbo yake, akainamisha miwani kwenye geji.

“Limejaa?”

Nikajibu limejaa pomoni, baba.

“Na robo? Haikushuka?”

Nikasema hata siku moja. Mama watoto akakohoa. Bwana Magodoro akatazama mawingu.

Baba mkwe akaguna, akageuka, akaita, “Mama! Njoo uligeuze.”

Mama mkwe akatoka ndani na viatu vyake vya kamba. Akaingia kwenye gari, akasogeza kiti, akarekebisha vioo vyote vitatu, akafunga mkanda. Wote tukawa midomo wazi. Akaliwasha, akarudi nyuma hadi barabarani, akaligeuza, akaliingiza uani kinyumenyume kwa mkono mmoja, likasimama pua imeelekea geti. Hakugusa hata chungu cha maua. Kijiti tu ndicho kilichosema ko.

Mshale ukashuka. Ukashuka taratibu, mbele ya macho yetu, ukapita robo tatu, ukafika nusu, ukakaa.

“Ua huu niliupima mwenyewe,” akasema baba mkwe, “kabla hamjajua kama nina mabinti. Najua unapolala na unapoinuka.”

Bwana Magodoro akaanza kusikitika kwa sauti. Akasema dunia imeharibika, mtu anamdanganya mzee mchana. Baba mkwe akamgeukia.

“Wewe nyamaza. Jumapili ulilisimamisha hapohapo, pua hukohuko. Nilikuacha makusudi. Nilitaka kuona kama mwenzako atakuja kuniambia au atakuja kukuiga.” Akanielekezea fimbo. “Haya. Amekuiga.”

Nikataka kueleza habari za boya na utafiti. Mama watoto akaniambia, “Baba watoto, kaa.” Nikakaa.

Hukumu. Gari ni la mama mkwe. Kumbe amejifunza udereva miezi yote hii, leseni imetoka wiki hii! Sisi wawili tutakuwa wa kuliosha, kwa zamu. Mama mkwe akatuamuru tuingie twende kujaza, na tulipe sisi. Yeye usukani, mimi na Bwana Magodoro nyuma, magoti yamegusana. Kituoni akatazama kimshale, akasimama upande unaotakiwa. Pampu ikafanya “ta!” Akasema, “Asante mwanangu, inatosha.” Dada mwenye ubani akachungulia nyuma, akaniona.

“Leo Bwana Mtikisaji amefungwa mkanda?”

Mama mkwe alicheka mpaka akapangusa machozi. Tuliporudi akauliza ni nini kinachogonga huko nyuma. Nikasema sijui. Bwana Magodoro, kwa mara ya kwanza katika maisha yake, akanitazama kwa huruma.

Jumapili, 10 Agosti

Nimelala vizuri. Nimetafakari. Kwa kweli nimeshinda. Lengo lilikuwa Bwana Magodoro asilipate gari, na hakulipata. Haya mengine ni mapambo.

Mama watoto ameniambia kwamba mama mkwe atampeleka shuleni na sare, safari zote. Kwa hiyo hata hilo nimelitimiza.

Mchana tumekwenda kuosha gari. Zamu yangu. Baba mkwe akalalamika kwamba tangi lao la maji, lile jeusi la juu ya mnara, siku hizi linaisha haraka, na hajui kama linavuja au ni matumizi. Aliuliza kama kuna anayeweza kulitazama. Bwana Magodoro alikuwa bado anafungua mdomo nilipokuwa nimeshasema ndiyo.

Ubavuni limeandikwa lita elfu moja. Siamini. Nimeligonga kwa kidole, linaitika kama mia nane. Nimeanza kuchonga kijiti kipya, kirefu, cha mti mgumu zaidi. Na bahati imenipenda, kwani maji ya bomba yamekatika mtaa mzima hadi wiki ijayo, kwa hiyo hayataingia mapya kuniharibia hesabu.

Kesho asubuhi nalimwaga lote.